Nani Alimumunya Kwanza?

Kuna peremende moja ambayo haiishi. Unaitia mdomoni leo, unaimumunya hadi taya zichoke, na ukiitoa kuiangalia ukubwa wake ni ule ule. Kila wiki inabadilisha rangi. Inaitwa Everlasting Gobstopper, na imo katika kitabu cha Roald Dahl, Charlie and the Chocolate Factory, kilichotoka Marekani mwaka wa 1964. Aliyeibuni ni Willy Wonka, yule mwenye kiwanda, kofia ndefu na maneno mengi. Anawaambia wageni wake kwamba ameitengenezea watoto wanaopewa pesa kidogo sana za matumizi. Nunua moja tu, basi, umemaliza shida ya maisha yako yote.

Kama umekulia mtaani, wazo hilo halihitaji mkalimani. Sisi tuliouma Goody Goody nusu na kuikunja nusu nyingine kwenye karatasi yake kwa ajili ya kesho, sisi tuliotafuna Big G mpaka utamu ukaisha ukabaki mpira mtupu, tungeipigania peremende hiyo hadi damu.

Lakini hapo hapo kitabuni Wonka anadokeza jambo jingine, kwa haraka, kama mtu anayetaja bei ya nyanya. Anasema moja ya peremende hizo inajaribiwa wakati huo huo katika chumba cha pili. Kuna Oompa-Loompa anaimumunya. Ameimumunya karibu mwaka mzima bila kupumzika, na bado iko vile vile. Kisha wageni wanavutwa kwenda kuona mashine nyingine, na mlango wa chumba hicho haufunguliwi tena.

Mimi nataka tusimame hapo mlangoni kidogo. Huyo mtu ni nani? Ametoka wapi? Na huo mwaka mmoja wa kumumunya, analipwa nini?

Katika toleo la kwanza la 1964, Oompa-Loompa si wale watu wa rangi ya machungwa uliowaona kwenye filamu. Ni Waafrika. Dahl aliwaandika kama kabila la mbilikimo weusi ambao Wonka aliwakuta ndani kabisa ya msitu wa Afrika, mahali ambapo, kwa maelezo yake, hakuna Mzungu aliyewahi kukanyaga. Waliishi juu ya miti kwa kuogopa wanyama, wakala viwavi vya kijani, na usiku wakaota kakao. Wonka akapanda mtini, akaongea na kiongozi wao, akampa ofa: njooni wote mkaishi kwenye kiwanda changu, na mshahara wenu nitaulipa kwa mbegu za kakao. Kiongozi akaruka kwa furaha. Kabila zima, wanaume, wanawake na watoto, likatiwa kwenye makasha makubwa yaliyotobolewa matundu, likasafirishwa kwa siri hadi kiwandani.

Hebu rudia kusoma sentensi hiyo ya mwisho polepole. Watu weusi ndani ya makasha yenye matundu. Kazi bila mshahara wa pesa. Makao ndani ya kuta za mwajiri. Hiyo ni hadithi ya watoto, na ndani yake kuna historia ambayo sisi tuliisoma darasani ikiwa na jina lingine.

Na kazi yenyewe si kuchanganya chokoleti tu. Ukipita kiwandani na Wonka, hesabu ajali. Kuna ubani wa kutafuna wenye ladha ya mlo mzima, supu mpaka kitindamlo. Msichana anayeitwa Violet anautafuna na kuvimba hadi anageuka tunda la bluberi, na Wonka anakiri kwamba amewajaribia Oompa-Loompa ishirini na wote ishirini wakaishia hivyo hivyo. Kuna tofi ya kuotesha nywele: Oompa-Loompa mmoja aliionja, ndevu zikaanza kumiminika kidevuni mwake mpaka wakazifuata na mashine ya kukata nyasi. Kuna soda ya kupaa angani. Mzee mmoja wa Oompa-Loompa aliinywa akiwa uani, akaanza kupaa. Wonka akampigia kelele abeue ili gesi imtoke ashuke. Mzee hakubeua. Akapaa, akapaa, akatoweka. Kitabuni hilo ni jambo la kuchekesha, na linachukua mistari michache tu.

Kinachonishangaza ni kwamba Dahl mwenyewe aliwahi kuwa mwonjaji. Katika kitabu chake cha kumbukumbu za utotoni, Boy, cha mwaka wa 1984, anasimulia maisha yake shuleni Repton, Uingereza, mwanzoni mwa miaka ya 1930. Kampuni ya Cadbury ilikuwa ikiwatumia wanafunzi maboksi ya kijivu yenye chokoleti kumi na mbili. Moja ilikuwa ya kawaida, ya kulinganishia, na kumi na moja zilikuwa mpya kutoka chumba cha uvumbuzi. Kila kijana alipewa karatasi ya kutoa alama, kuanzia sufuri hadi kumi, na nafasi ya kuandika maoni yake. Dahl anasema walilichukulia jambo hilo kwa uzito mkubwa, wakionja kidogo kidogo na kuandika kama mabingwa wa fani. Hapo ndipo alipoanza kuwazia vyumba ambamo watu wazima waliovaa makoti meupe hukaa wakibuni peremende, na miaka mingi baadaye wazo hilo likazaa kiwanda cha Wonka.

Kwa hiyo Dahl alijua vizuri sana maana ya kuonja kitu kabla hakijaingia dukani. Yeye na wenzake waliulizwa: unaonaje? Walipewa penseli. Lakini alipoandika chumba chake cha majaribio, mwonjaji hakupewa penseli wala karatasi. Alipewa peremende na mwaka mmoja. Hatujui kama anaipenda, kama ameichoka, kama anakula chakula kingine chochote. Mwili wake ndio karatasi ya majibu.

Hata gobstopper yenyewe si kitu cha kuwaziwa tu. Ni peremende halisi ya Uingereza, donge gumu la sukari lenye tabaka nyingi za rangi, kubwa kiasi cha kuziba mdomo, na ndiyo asili ya jina lake. Dahl alizaliwa mwaka wa 1916 mtaa wa Llandaff, Cardiff, na anakumbuka alivyozinunua kwa peni moja dukani hapo. Moja ilikaa karibu saa nzima mdomoni, na watoto walikuwa wakiitoa kila baada ya dakika chache kuangalia imefikia rangi gani. Wonka aliichukua saa hiyo moja akaivuta ikawa milele.

Sasa, kwa nini kiwanda kikubwa hivyo kilihitaji watu kutoka mbali? Jibu limo kitabuni, na wasomaji wengi hulipita. Zamani Wonka aliajiri watu wa mji wake. Washindani wakaingiza majasusi miongoni mwao, siri za mapishi zikavuja. Wonka akawaambia wafanyakazi wote warudi nyumbani, akafunga lango kwa mnyororo. Baadaye moshi ukaanza tena kutoka kwenye bomba, mashine zikanguruma, lakini hakuna aliyeonekana akiingia wala kutoka. Waliokuwa wakifanya kazi walikuwa tayari wako ndani.

Ukitaka kuelewa uzito wa jambo hilo, fika Indasta saa kumi na mbili asubuhi, uone watu waliosimama nje ya mageti wakingoja kuitwa kibarua. Halafu fikiria geti limefungwa, kiwanda kinafanya kazi, na hakuna atakayeitwa kamwe.

Charlie anaishi nje ya geti hilo. Baba yake anakaza vifuniko vya dawa ya meno kiwandani kwingine, hadi kiwanda hicho nacho kinafungwa. Familia ya watu saba inaishi kwa supu ya kabichi. Charlie hupata chokoleti moja tu kwa mwaka, siku yake ya kuzaliwa, na anajua kuifanya idumu zaidi ya mwezi mzima, akimega kipande kidogo kwa siku. Tazama basi jinsi mambo yalivyokaa. Tajiri wa mji anawafuta kazi watu wa mji, kisha anabuni peremende isiyoisha kwa ajili ya watoto ambao wazazi wao hawana pesa. Ndani ya geti, watu wasiolipwa pesa ndio wanaoijaribu. Hao wa nje na hao wa ndani hawajawahi kukutanishwa wakaulizana lolote. Uchawi wa peremende hiyo unafanya kazi vizuri sana kwa sababu kila upande unaona utamu tu.

Huenda ukasema, ah, hiyo ni ndoto tu, usiisome kama taarifa ya habari. Sawa. Lakini ndoto hutengenezwa kwa vitu ambavyo mtu amevikuta duniani.

Dahl aliijua Afrika Mashariki. Mwaka wa 1938 alifika Mombasa kwa meli, akaendelea hadi Dar es Salaam, ambako alifanya kazi katika kampuni ya mafuta ya Shell. Katika Going Solo, kitabu cha mwaka wa 1986, anaeleza alivyojifunza Kiswahili, alivyoendesha gari kwenda kwenye mashamba ya mkonge na migodi kuwahudumia wateja, na alivyokaa kwenye nyumba yenye mpishi na watumishi. Vita vilipoanza 1939 alikuja Nairobi kujifunza urubani katika jeshi la anga la Uingereza. Hivyo basi mtu aliyeandika kuhusu msitu ambao hakuna Mzungu aliyefika alikuwa amekaa kwenye bandari zetu, amesalimiana na watu wetu kwa lugha yetu. Alijua Mwafrika ana jina, ana mji na ana mambo yake. Alipohitaji wafanyakazi wa ndotoni, hakuchota kwenye alichokiona. Alichota kwenye hadithi za zamani ambazo Uingereza ilikuwa ikijisimulia.

Na kuhusu chokoleti, ukweli ulikuwa umeshawahi kutokea, tena mbaya kuliko hadithi. Mwanzoni mwa karne ya 20, visiwa vya São Tomé na Príncipe, koloni la Ureno, vilikuwa miongoni mwa wazalishaji wakubwa wa kakao duniani. Wafanyakazi wa mashamba waliletwa kutoka Angola kwa mikataba ya miaka mitano. Kwenye karatasi walikuwa vibarua huru. Kwa hali halisi wengi walikuwa wamekamatwa au kuuzwa bara, wakatembezwa hadi pwani na kupakiwa melini, na karibu hakuna aliyerudi kwao mkataba ulipokwisha. Mwandishi wa habari Mwingereza, Henry Nevinson, alifuata njia hiyo na mwaka wa 1906 akachapisha kitabu alichokiita A Modern Slavery. Jina linasema yote.

Cadbury walikuwa wakinunua kakao hiyo. Walikuwa Wakweka, watu wa dini waliojulikana kwa kupinga utumwa na kuwajengea wafanyakazi wao wa Uingereza nyumba nzuri. William Cadbury alisikia habari za São Tomé mwaka wa 1901. Kampuni ikafanya uchunguzi, ikamtuma mjumbe, ikasubiri majibu, ikaongea na serikali. Ilisitisha ununuzi mwaka wa 1909. Miaka minane. Gazeti moja la London, Standard, liliandika kwamba huo ni unafiki. Cadbury wakalishtaki kwa kuwachafulia jina, na mwezi wa Desemba 1909 wakashinda kesi Birmingham. Fidia waliyopewa na baraza la wazee wa mahakama ilikuwa fadhingi moja, yaani robo ya peni. Kisheria mmeshinda, lakini thamani ya jina lenu tumeiona.

Baada ya hapo kampuni ikageukia kakao ya Gold Coast, Ghana ya leo, iliyokuwa ikilimwa na wakulima Waafrika kwenye mashamba yao wenyewe. Miaka ishirini na kitu baadaye, maboksi ya kijivu yakaanza kufika Repton. Simlaumu mtoto wa shule kwa kula chokoleti. Ninachosema ni kwamba chumba kile cha makoti meupe alichokiwazia kilikuwa na mlango wa nyuma, na mlango huo ulifungukia Afrika.

Kitabu chake hakikuzua zogo mara moja. Zogo lilikuja filamu ilipokuwa ikiandaliwa. Chama cha NAACP, kinachotetea haki za Wamarekani weusi, kilipinga picha hiyo ya watumwa wenye furaha. Filamu ilipotoka mwaka wa 1971, Oompa-Loompa walikuwa wamepakwa rangi ya machungwa na kuvishwa nywele za kijani. Mwaka wa 1973 Dahl akarekebisha kitabu: sasa wanatoka nchi ya kubuni iitwayo Loompaland, ngozi yao nyeupe yenye wekundu, nywele zao za kahawia yenye dhahabu. Baadaye alieleza kwamba hakuwa ameuona ubaguzi huo alipoandika, lakini baada ya kuwasikiliza wakosoaji alikubaliana nao. Ni zaidi ya walivyofanya waandishi wengi wa rika lake.

Lakini angalia kilichobadilishwa na kilichobaki. Makasha yenye matundu yalibaki. Mshahara wa mbegu za kakao ulibaki. Wale ishirini waliogeuka bluberi walibaki, mzee aliyepaa akapotea alibaki, na yule wa chumba cha pili bado anamumunya. Walifuta Mwafrika, wakauacha mpango mzima wa kazi kama ulivyokuwa. Kosa lilipoonekana ni rangi ya ngozi, dawa ikawa ni rangi nyingine. Hakuna aliyependekeza mshahara.

Kuna jambo lingine linalonikaa moyoni. Mwaka wa 2017 mjane wa Dahl aliiambia redio ya BBC kwamba katika rasimu ya kwanza Charlie alikuwa mtoto mweusi. Wakala wa Dahl alimshauri aachane na wazo hilo. Weka mambo hayo mawili pamoja. Mtoto mweusi aliyekusudiwa kuingia kwa lango la mbele, akiwa na tiketi ya dhahabu mkononi, aliondolewa. Watu weusi waliobaki katika kitabu kilichochapishwa wakaingizwa kwa makasha, wakawa wapishi, waonjaji na waimbaji. Halafu hao nao wakaondolewa. Kufikia 1973 tulikuwa tumetolewa katika hadithi hiyo mara mbili: kwanza kama mrithi wa kiwanda, kisha kama mfanyakazi wake.

Peremende yenyewe iliishia dukani. Kampuni ya Quaker Oats, iliyogharamia filamu ya 1971, ilitaka kuuza peremende zenye jina la Wonka, na mwaka wa 1976 Everlasting Gobstopper ya kweli ikaanza kuuzwa Marekani. Inabadilisha rangi, ndiyo. Lakini inaisha. Lazima iishe, la sivyo nani angerudi dukani? Biashara ya peremende inaishi kwa wewe kumaliza ulichonunua. Kinachotakiwa kudumu ni jasho la upande wa pili.

Leo zaidi ya nusu ya kakao ya dunia inatoka Côte d'Ivoire na Ghana. Mwaka wa 2001 kampuni kubwa za chokoleti zilitia saini makubaliano ya kukomesha aina mbaya kabisa za ajira ya watoto kwenye mashamba hayo. Mwaka wa 2020 watafiti wa NORC, taasisi ya Chuo Kikuu cha Chicago, wakakadiria kwamba watoto milioni 1.56 bado walikuwa wakifanya kazi zisizowafaa watoto katika kakao ya nchi hizo mbili. Wanabeba mizigo mizito, wanashika mapanga, wanakaa karibu na dawa za kuua wadudu. Na si mbali na sisi pia kakao inalimwa: Bundibugyo kule Uganda, Kyela kule Tanzania. Mkulima anaiuza ikiwa mbegu iliyokaushwa. Chokoleti anaikuta kwenye rafu ya supamaketi, ikiwa imevaa suti ya Ulaya na bei ya Ulaya. Wonka alilipa kwa mbegu za kakao. Soko la dunia linachukua mbegu na kulirudishia shamba kanga za pipi.

Sisemi kitabu kichomwe. Ni kitabu kitamu, na watoto wa mtaani wanastahili utamu kama watoto wengine. Kwanza kiko kwenye maktaba nyingi za shule, kwa hiyo watakisoma tu, tupende tusipende. Ninachoomba ni kwamba ukimsomea mdogo wako, mwanao au mpwa wako, usipite mbio ukifika kwenye mashine ya peremende isiyoisha. Mwache acheke, mwache atamani. Kisha muulize: huyo aliye chumba cha pili, anaitwa nani?

Hatapata jibu kitabuni, maana Dahl hakumpa jina. Mwambie amtungie moja. Halafu mwambie aandike alama ambazo huyo mtu angeipa peremende hiyo, kuanzia sufuri hadi kumi, na maoni yake chini.